Tamthilia za Kihindi za mtandaoni: mama mkwe kapumzishwa, sasa ni zamu ya wanaume waliokaa kimya

Shangazi Mkorofi (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam.

Tumezoea kuzisema tamthilia za Kihindi kama kitu kimoja: sari, machozi, mama mkwe mwenye jicho kali, kamera inamrukia mtu usoni mara tatu huku muziki unagonga. Hizo ni za televisheni. Leo nataka tuziseme zile nyingine, zinazotoka moja kwa moja mtandaoni: Netflix, Prime Video, SonyLIV, Hotstar (siku hizi JioHotstar). Nchi ni ile ile na baadhi ya waigizaji ni wale wale, ila ukiingia ndani ya nyumba zinazoonyeshwa humo utadhani umekosea mlango.

Hoja yangu naiweka mezani mapema, asije mtu akasema nimezunguka mbuyu. Kwenye televisheni, adui wa mwanamke ni mwanamke mwenzake. Kwenye hizi za mtandaoni, nazungumzia zile nzuri, adui ni utaratibu wa nyumba. Na mlinzi wa utaratibu huo ni mwanamume mpole, msomi, asiyempiga mtu, anayesoma gazeti akisubiri chai.

Tuanze tulikotoka. *Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi* ilianza Star Plus mwaka 2000 ikaisha 2008, vipindi zaidi ya 1,800. Tulsi, binti wa kuhani, kaolewa na Mihir katika ukoo tajiri wa akina Virani, mama mkwe hamtaki, basi, kazi imeanza. Mihir alipouawa kwenye hadithi watazamaji walikuja juu mpaka mtayarishaji, Ekta Kapoor, akamrudisha hai. Wengi wetu huku mtindo huo tuliushiba baada ya chaneli ya Zee World kuingia Afrika mwaka 2015. Angalieni fitina zinapikwa na nani: wifi, mke wa shemeji, mwanamke wa nje. Mwanamume kazi yake ni kutoelewa kinachoendelea nyumbani kwake. Anaonyeshwa picha ya kughushi Jumatatu, ukweli anaujua baada ya miezi sita.

Msidhani waandishi wale hawakuwa na akili. Ni biashara. Tamthilia ya kila siku haitakiwi kuisha, kwa hiyo ugomvi hauruhusiwi kupata suluhu. Tena televisheni ilikuwa moja, sebuleni, bibi na baba mkwe na watoto wote wamekaa hapo, na mwandishi anajua fika nani ameshika rimoti.

Halafu Januari 2016 Netflix ikaingia India. Septemba mwaka huo huo kampuni ya Jio ikaanza kuuza intaneti kwa bei ya kutupa, na Desemba Prime Video nayo ikafika. Kuanzia hapo mke wa mtu akaweza kutazama hadithi peke yake, simu mkononi, spika masikioni, ndani ya nyumba ya watu tisa. Hadithi ya kutazamwa na mtu mmoja kimyakimya haiwezi kuandikwa kama ya kutazamwa na ukoo.

Sasa mfano wa kwanza, ingawa hii ni filamu, si mfululizo: *The Great Indian Kitchen*, ya lugha ya Kimalayalam ya kusini mwa India, ya mwongozaji Jeo Baby. Ilitoka Januari 2021 kwenye jukwaa dogo la Neestream. Humo hakuna mama mkwe mbaya. Mama mkwe ni mwema, anafanya kazi kama punda, na asubuhi anampelekea mumewe mswaki mkononi. Ubaya uko wapi basi? Uko mezani. Wanaume wanakula kwanza. Wanatafuna maganda ya mlonge wanayatema pale pale juu ya meza, wanainuka. Halafu wanawake wanakaa kula kwenye meza ile ile, katikati ya yale makapi. Kamera haipigi kelele, inatazama tu. Kesho tena. Keshokutwa tena. Bomba la sinki linavuja, mke anamwambia mumewe amwite fundi, mume anasema sawa, nimesahau. Baba mkwe kwa sauti ya upole kabisa anaomba wali upikwe kwa kuni, chatini isagwe kwa mkono, na nguo zake zisiingie kwenye mashine.

Kuna pahala wametoka kwenda kula hotelini. Mume kule anakula kistaarabu, makapi anayaweka kisahani cha pembeni. Mke anamtania: kumbe adabu za mezani unazo! Jamani. Yule bwana alivyokasirika! Hakumpiga. Hakupaza sauti sana. Alinuna tu mpaka mke akaomba msamaha. Mimi nikaisimamisha nikaenda kunywa maji, maana kununa kwa namna ile nimekujua tangu utotoni.

Toleo la Kihindi linaitwa *Mrs.*, Sanya Malhotra ndiye mke, lilitoka ZEE5 mwaka 2025. Ukikosa la kwanza tazama hilo, ingawa la kwanza lina makali zaidi.

Mfano wa pili ni wa kuchekesha kabisa. *Panchayat*, Prime Video, tangu Aprili 2020. Kijiji cha Phulera, Uttar Pradesh. Mwenyekiti wa kijiji kwa karatasi ni Manju Devi, anaigiza Neena Gupta. Mwenyekiti kwa vitendo ni mumewe. Hiki si kichekesho cha kutunga. Marekebisho ya 73 ya katiba ya India, yaliyoanza kutumika Aprili 1993, yaliwatengea wanawake theluthi moja ya viti vya mabaraza ya vijiji, na majimbo kadhaa yamepandisha hadi nusu. Wanaume wengi wakapata dawa yake: mke anagombea, mume anatawala. Mwanzoni Manju Devi mwenyewe hana habari na ofisi, yuko nyumbani na shughuli zake. Mpaka sikukuu ya taifa, 26 Januari, mkuu wa wilaya, mwanamke, anatokea ghafla kijijini na kutaka kujua mwenyekiti ni nani. Mama wa watu usiku wa kuamkia siku ile alikuwa anakariri wimbo wa taifa.

Ninachokipenda, hawakumgeuza shujaa kesho yake. Imechukua misimu. Kufika msimu wa nne, mwaka 2025, anapambana kwenye uchaguzi na mwanamke mwingine, Kranti Devi, ambaye naye ana mume anayetamba nyuma yake. Mmoja alama yake ya kura ni mumunye, mwingine jiko la presha. Wanawake wawili wanashindana kweli, na wakati huo huo waume wawili wanashindana kupitia wao. Tamthilia inakuonyesha yote mawili bila kukuhubiria.

Cha tatu nitakigusa kidogo maana kinaumiza: *Dahaad*, Prime Video, 2023, Sonakshi Sinha ni polisi Anjali Bhaati huko Rajasthan. Wasichana wanakutwa wamekufa kwa sumu kwenye vyoo vya umma, wamevaa kama maharusi. Muuaji ni mwalimu, mpole, ana mke na mtoto. Lakini kilichomsaidia ni ukimya wa nyumba zile. Binti akitoroka na mwanamume, wazazi hawaendi polisi, ni aibu, wanafunga ukurasa. Kaka mmoja anahangaika dada yake atafutwe, hakuna anayemsikiliza mpaka adai kwamba kachukuliwa na Mwislamu, hapo ndipo mafaili yanafunguliwa. Na nyumbani kwa Anjali mwenyewe, huku anamsaka muuaji wa wasichana walioahidiwa ndoa, mama yake anamletea picha za wachumba.

Lawama yangu sasa. Hizi za Mumbai na Delhi, za watu wenye pesa, mara nyingi ukombozi wa mwanamke ni glasi ya mvinyo, sigara barazani na marafiki watatu wa kuwasimulia mambo ya kitandani. Sina ugomvi na mvinyo wa mtu. Ila nani aliyeosha hizo glasi? Hausigeli anapita nyuma na sinia, hana jina. Hata *Made in Heaven* ya Prime Video, ya waandaaji wa harusi wa Delhi, ambayo naiheshimu sana, haijaniponya kiu hiyo.

Karibuni tuchambue.

Fundi wa Tegeta

Shangazi shikamoo. Umeandika vizuri lakini mimi naona hizi tamthilia zinawafundisha wake zetu kiburi. Zile za zamani zilikuwa na uvumilivu, mwanamke anaonewa anavumilia mwisho Mungu anamlipa. Hizi mpya mwanamke akiudhika siku mbili anabeba begi. Halafu mwanamume kila mahali ni mbaya. Hakuna mwanamume mzuri India nzima?

Shangazi Mkorofi

Marahaba fundi. Begi la siku mbili umeliona wapi? Yule wa jikoni kavumilia muda wote wa filamu, na wewe umesoma hapo juu kavumilia nini. Na wanaume wazuri wapo. Mume wa Manju Devi simchukii hata kidogo, ni mtu wa watu, anampenda mkewe. Hapo ndipo tamthilia ilipoiva: mtu anampenda mkewe na bado kamkalia kiti chake.

Bi Mwana wa Mvita

Asalaam aleikum nyote. Mie niko Mombasa na sikubali hivi hivi mukizitia takataka zile za televisheni.

Dada, umemtaja Tulsi ukakoma kwa mama mkwe. Mbona hukusema ya Ansh? Ansh ni mwanawe Tulsi wa kumzaa. Alimwingilia mkewe, Nandini, kwa nguvu. Tulsi kasimama na nani? Na mkaza mwanawe. Na mwishowe akampiga risasi mwanawe kwa mkono wake. Hiyo ilionyeshwa sebuleni, mbele ya hao baba wakwe unaosema wameshika rimoti, miaka hiyo kabla hujasikia mtu akitaja Netflix.

Na *Anupamaa* je? Star Plus hiyo hiyo, tangu 2020. Mama wa watoto watatu, kapikia nyumba miaka ishirini na ushei, agundua mumewe ana mwanamke kazini. Akaachana naye, akaolewa tena akiwa mama mtu mzima. Mamangu mzazi aliyekaa eda mara mbili alipiga vigelegele. Hamuwezi kuniambia televisheni haikusema kitu.

Mie nionavyo hizi za simu zina ujasiri wa mdomo. Waweza kusema lolote kwa mtu aliye peke yake. Kusema mbele ya ukoo ndiyo kazi.

Shangazi Mkorofi

Waaleikum salaam dada Bi Mwana. Umenibana, na hoja ya Ansh ni nzito. Lakini tazama namna ilivyoshughulikiwa. Tulsi alimuua mwanawe kwa sababu Tulsi ni mungu wa ile nyumba. Nandini mwenyewe hakufanya kitu, alisubiri mama mkwe mwema amtendee haki. Na nyumba ikabaki kama ilivyokuwa: funguo ni zile zile na meza ni ile ile, kasoro kaka mmoja mbaya ambaye keshazikwa.

Linganisha na *Criminal Justice: Behind Closed Doors*, Hotstar, Desemba 2020. Anu Chandra, anaigiza Kirti Kulhari, kamchoma kisu mumewe, wakili maarufu anayeheshimiwa na mji mzima. Anakiri. Kila mtu anataka kujua sababu na yeye hasemi, kwa sababu hana hata namna ya kulieleza jambo ambalo sheria ya nchi yake hailitambui kuwa kosa. Na mpaka leo hailitambui. India ilibadili sheria za jinai, mpya zikaanza 1 Julai 2024, na kile kifungu kinachomtoa mume kwenye kosa la kumbaka mkewe mtu mzima kikahamishwa kama kilivyo. Hapo huwezi kumtafuta Tulsi aje na bastola.

*Anupamaa* nakubaliana nawe. Ila baada ya kuolewa tena wakamrudishia mateso upya, maana kesho saa nne usiku lazima kuwe na kipindi.

Mtoto wa Upanga

Shangazi shikamoo, Bi Mwana shikamoo. Mimi ni Mgujarati wa hapa hapa Dar, kizazi cha nne, na huu uzi umenigusa kwenye mbavu.

Bibi yangu alikuwa hakosi *Kyunki*. Wale akina Virani ni Wagujarati, kwa hiyo kwake ilikuwa kama habari za ndugu. Sasa kila mama mkwe wa Tulsi akianza vituko, mama yangu, ambaye ndiye mkwe wa bibi, anakumbuka ghafla kwamba kuna nguo za kukunja chumbani. Bibi naye anaongeza sauti ya televisheni. Hakuna neno lililosemwa, lakini ugomvi wote ulipigwa hapo.

Nataka kuongeza jambo ambalo naona watazamaji wengi wa huku linawapita. Mahari. Huku anayetoa ni upande wa mume, kwa hiyo ukisikia kwenye tamthilia wakwe wanadai, unadhani ni wazazi wa binti. Ni kinyume. Baba wa binti ndiye anayekamuliwa: fedha, gari, dhahabu, friji. Sheria ya kuzuia ipo tangu 1961, na takwimu za serikali ya India za 2022 peke yake zina vifo zaidi ya 6,000 vya wanawake vinavyohusishwa na mahari. Ukilijua hilo ndipo unaielewa *Dahaad*: mwanamume anayekuja kusema sitaki chochote, nakutaka wewe tu, kwa binti ambaye baba yake ameshindwa kukusanya, ni malaika. Muuaji anajua bei ya sokoni.

Na ndipo unaielewa ile harusi ya *Made in Heaven* msimu wa kwanza, 2019. Bibi harusi msomi, bwana harusi ofisa wa serikali. Wazazi wa mume wanadai pesa kwa siri. Binti angeweza kuwasamehe wazee. Kilichomvunja ni kugundua kuwa mchumba wake alijua. Akaondoka siku ile ile, na nguo zake za harusi. Shangazi, hoja yako ya mwanamume aliyekaa kimya iko pale yote.

Ila nakupinga kwenye mvinyo. Tara wa *Made in Heaven* hakukombolewa na glasi. Ametoka familia ya chini, mama yake kamlea kwa nia moja, aolewe juu, naye akaolewa juu kweli kwa hesabu zake mwenyewe. Hadithi haimfichi hilo wala haimhukumu. Mwanamke mwenye hesabu kwenye televisheni ya zamani angekuwa ndiye yule mwovu mwenye muziki wake. Na msimu wa pili, 2023, wana bibi harusi Mdaliti, yaani wa tabaka lililoitwa la wasioguswa, anaigiza Radhika Apte, anayetaka harusi ya Kibudha ifanyike mbele za watu na si chumbani, na mchumba wake mwenye fikra za kisasa anaanza kujikunakuna. Bollywood kubwa ingekimbia.

Shangazi Mkorofi

Marahaba mwanangu. Hiyo ya mama kukunja nguo nimeicheka peke yangu kwenye daladala.

Ya Tara nakupa nusu. Hausigeli bado hana jina. Waliojaribu ni *Delhi Crime* msimu wa pili, 2022. Wa kwanza, uliozaliwa na kesi ile ya msichana aliyebakwa na genge ndani ya basi Delhi, Desemba 2012, ndio ulioshinda tuzo ya Emmy ya kimataifa mwaka 2020, na Shefali Shah kama Vartika ni mkuu wa polisi ambaye binti yake anataka kuihama India, mama anamshawishi abaki kwenye mji ambao yeye mwenyewe usiku kucha anaokota yaliyotokea humo. Lakini wa pili ndio ulionishika. Mwovu ni Lata, Tillotama Shome, mfanyakazi wa saluni aliyetaka kuwa na saluni yake. Kamuacha mume na mtoto kwa ajili hiyo. Ukimsikiliza anavyoieleza ndoto yake, haina tofauti na ya hao wa Mumbai wenye glasi. Yeye tu hakuwa na mtaji, akatafuta kwa njia ya damu. Sijaona tamthilia nyingine iliyouliza swali hilo sawasawa.

Fundi wa Tegeta

Naona mnaniruka. Mimi nataka familia. Siyo damu, siyo saluni, siyo vyoo. Familia inayokaa mezani ikala. Hakuna?

Mtoto wa Upanga

Fundi, tafuta *Gullak*, SonyLIV. Familia ya akina Mishra, mji mdogo wa kaskazini, baba ni karani wa ofisi ya umeme, mama, vijana wawili. Msimulizi ni kibubu cha kuwekea sarafu, na hadithi zenyewe ni zake: bili, deni la jirani, mtoto kufeli mtihani. Mama Shanti anafoka kuanzia alfajiri hadi usiku, hafungi mdomo, na ndani ya kufoka kule utaisikia bajeti nzima ya nyumba. Jirani yao hana jina lingine ila mama Bittu, anaingia bila hodi, anaondoka na habari. Mwigizaji wake, Sunita Rajwar, ndiye huyo huyo Kranti Devi wa *Panchayat*. Msimu mmoja vipindi vitano tu, unamaliza Jumapili moja.

Bi Mwana wa Mvita

Hiyo nimeiona na ni nzuri. Lakini fundi, huyo Shanti naye ndiye alalaye mwisho na kuamka mwanzo. Wamempa maneno matamu tu.

Shangazi Mkorofi

Dada, hapo umesema. *Gullak* naipenda na inaniudhi kwa sababu hiyo. Shanti anachoka na sisi tunacheka. Wali wa kuni wa ile filamu na chapati za Shanti zinatoka mikono ile ile, tofauti ni muziki wa nyuma. Kwa *Gullak* kuna muziki mtamu. Kwa ile ya jikoni waliuondoa, ukabaki mlio wa kisu na vyombo.

Fundi wa Tegeta

Lakini tuseme ukweli shangazi, wali wa kuni na wa gesi si sawa. Huyo mzee hakukosea kwa ladha.

Shangazi Mkorofi

Hakukosea. Kuni zipo uani, mafiga yapo. Na wewe mikono unayo.